Yule mama kwenye video ya Wangechi Mutu: ule mzigo ni nini hasa?

#1 Kalamu Nyeusi
Wakuu habari. Niende moja kwa moja.

Kuna kazi ya Wangechi Mutu, yule msanii wa Kenya mzaliwa wa Nairobi, ya mwaka 2015. Inaitwa The End of carrying All. Ni video ya skrini tatu zilizoungana pembeni, haifiki dakika kumi. Mwanamke (ni Wangechi mwenyewe) anatembea kwenye tambarare ya nyasi akiwa na kapu kichwani. Anavyokwenda, mzigo unaongezeka wenyewe. Linatokea gurudumu la baiskeli, linatokea dishi la setilaiti, yanatokea majengo, mpaka mtambo wa kuchimbia mafuta. Mgongo unapinda, hatua zinafupika, jua linazama. Mwishowe yeye na mzigo wanakuwa donge moja, na ardhi inawaka moto.

Nimeiangalia na jamaa zangu, kila mmoja katoka na lake. Mimi nadai mzigo ule ni maendeleo, siyo umaskini. Hakuna kitu pale ambacho mtu angekikataa akipewa bure. Ndiyo maana unamuua polepole.

Anayepinga aje na hoja. Asije na "sanaa kila mtu anaona lake", huko ni kukwepa.

#2 Jembe la Mpini
Nimevuta kigoda.

Ila mkuu, dada anatembea na kapu dakika kumi ndiyo sanaa? Bibi yangu alitembea hivyo maisha yake yote na hakuna aliyemwalika Ulaya.

#3 Nyokabi wa Juja
@Jembe la Mpini labda hiyo ndiyo hoja yenyewe, umeipita juu juu.

Mimi kuna kitu kinanisumbua tangu niione. Wangechi ni Mkikuyu. Kwetu mwanamke hakubeba kichwani. Kuni, maji, viazi, vyote vilikwenda mgongoni, na ukanda wa ngozi unapita juu ya kichwa karibu na paji la uso. Cucu wangu, yaani bibi, alikuwa na bonde kwenye fuvu, mtoto angeweza kulaza kidole pale. Wanawake wa rika lake wengi walikuwa na hiyo alama, ungemjua mtu hata akivaa kitambaa.

Sasa kwa nini kapu liko kichwani? Huyu si mgeni kwamba hajui. Ama ni ile Afrika ya kuwekwa kwenye kalenda?

#4 Nyar Ahero
Kichwani ni sisi Waluo, watu wa ziwa. Tunashukuru kwa kututangaza.

#5 Bob Kariakoo
Na sisi. Na Wamakonde, na Wasukuma, na Msumbiji yote, na Afrika Magharibi yote. Nyie wa milimani ndiyo mna yenu. Ukipanda mlima mzigo wa kichwani utakuangusha kisogo, ndiyo maana mliufunga mgongoni. Kwenye tambarare kama ile ya video, kichwani ndiyo penyewe. Dada yuko sahihi.

#6 Fizio Mwanza
Kwenye hili la kichwani na mgongoni kuna utafiti maarufu, ulichapishwa 1986 kwenye jarida la Nature. Waliwapima wanawake wa Kenya, Waluo wanaobeba kichwani na Wakikuyu wanaobeba kwa ukanda. Waliwatembeza kwenye mashine wakiwa wamebeba mizigo ya uzito tofauti, huku wakipima hewa ya oksijeni wanayotumia. Wakakuta mpaka mzigo ufikie kama asilimia 20 ya uzito wa mwili, mwili hautumii nguvu ya ziada. Makundi yote mawili yalikuwa hivyo. Kuanzia hapo ndipo gharama inapanda.

Kwa hiyo @Nyokabi, kwa mwili hakuna mshindi kati ya cucu na Nyar Ahero.

#7 Jembe la Mpini
Yaani walimfunga mama barakoa ya kupimia pumzi, wakampandisha kwenye mashine na mzigo kichwani, wakaandika "hachoki"? Na hiyo ni sayansi. Wangechi naye akitembea na kapu tunamuuliza maana yake. Sawa.

#8 Mwalimu Sefu
Fizio, malizia habari basi. Mwaka 2010 kuna watafiti walirudia kwa wanawake wa Kixhosa, Afrika Kusini, wakilinganisha kichwani na mgongoni. Hawakuona hiyo nafuu ya bure. Kuna waliobeba kwa unafuu na kuna walioteseka, inategemea mtu. Tusije tukatoka hapa tunasema mwanamke wa Kiafrika kaumbwa kubeba. Maneno hayo yamewahi kutumika vibaya sana.

#9 Fizio Mwanza
Sikusema kaumbwa. Nimesema asilimia 20. Na kwenye kliniki zetu hao akina mama tunawaona na shingo zao.

#10 Kalamu Nyeusi
Jamani, turudi kwenye video. Nimeuliza mzigo ni nini, mmenijibu unabebwaje.

#11 Otieno Hesabu
Mzigo ni deni la taifa. Nashangaa hamuoni. Kapu lilianza dogo, mtu akajitwisha kwa hiari, likaja jengo, ukaja mtambo. Mwisho anaanguka. Hiyo ni reli ya SGR waziwazi, treni ya Mombasa na Nairobi.

#12 Mwalimu Sefu
Treni ilianza safari 2017. Video ni ya 2015.

#13 Otieno Hesabu
Mkopo wa Wachina ulisainiwa 2014, mwalimu. Deni halisubiri treni ianze safari.

#14 Bob Kariakoo
😂😂 Hapo kakuweza.

#15 Mwalimu Sefu
Kaniweza kwa tarehe. Kwa maana bado. Deni la serikali linabebwa na kila mtu, mwanamume na mwanamke. Kwenye video anabeba mwanamke, tena peke yake. Ukisema deni, lazima ueleze kwa nini hakuna mwanamume hata mmoja kwenye fremu.

#16 Otieno Hesabu
Kwa sababu wanaume wako kwenye ofisi wanasaini.

#17 Rangi na Udongo
Nimesoma kimya, sasa niseme. Nimesomea uchoraji, na huyu mama namfuatilia kwa muda.

Tatizo la uzi huu ni kuichukua video moja kama ndiyo yote. Wengi wanamjua kwa kolaji, zile picha za wanawake aliowaunga kwa vipande vya majarida, ngozi, pikipiki na mizizi. Lakini ukipanga video zake kwa miaka unaona kitu kingine. 2004 alifanya Cutting: yuko juu ya kilima na panga, anakata gogo, anakata tu, huku jua linazama. Ilipigwa Texas karibu na mpaka wa Mexico. 2005 Amazing Grace: amevaa nguo nyeupe, anaingia baharini huku wimbo ule unasikika kwa Kikikuyu. 2006 Cleaning Earth: amepiga magoti anasugua ardhi kwa brashi. Ardhi, siyo sakafu! 2012 Eat Cake: amechuchumaa, kucha ndefu, anaila keki ya chokoleti kwa mikono mpaka unaona kinyaa. 2015 ndiyo hii ya kubeba.

Mnaona? Kukata, kusafisha, kula, kubeba. Ni kazi ambazo mwili wa mwanamke unafanya kila siku bila mtu kuandika popote. Anachukua moja, anairudia mpaka inavuka mpaka na kuwa kitu cha kutisha. Hadithi ni ndogo, mwili ndio mkubwa. Kwa hiyo ukiniuliza dishi la setilaiti ni ishara ya nini, nitakwambia dishi ni dishi. Angalia shingo.

Na ndiyo maana anajitumia mwenyewe. Angeweza kumlipa mwigizaji. Ila ukiwa wewe ndiye uliyebeba, huwezi kudanganya hatua.

#18 Nyokabi wa Juja
Hii ya #17 imenipa cha kufikiri, asante. Lakini huwezi kusema dishi ni dishi. Mtu amekaa kwenye kompyuta na watu wake akalichora na kulipandisha pale kichwani, si lilikuwepo. Hatua ni za kweli, mzigo ni katuni. Kila kitu kwenye lile kapu kilichaguliwa.

#19 Rangi na Udongo
Nakubali kilichaguliwa. Nakataa kwamba ni kamusi.

#20 Shungwaya
Mnamsahau Wangari Maathai, mwanaharakati wetu wa mazingira. Alianzisha Green Belt Movement, harakati ya kupanda miti, 1977, na aliowategemea ni wanawake hawahawa wa kubeba kuni, waliokuwa wanatembea mbali zaidi kila mwaka kwa sababu miti imekwisha. Angalia video inavyoisha, ardhi inajibu kwa moto. Mafuta yanachimbwa, majengo yanajengwa, ardhi inasema basi. Wangari alifariki 2011. Kwangu mimi hii ni kazi ya mtu aliyekua akimsikia yule mama kila siku redioni.

#21 Jembe la Mpini
Sasa tuna maendeleo, deni, kazi za nyumbani na mazingira. Nani anaongeza?

#22 Mtoto wa Kiunga
Naongeza mimi. Nyote mnatazama nchi kavu. Huyu dada ana kitu na bahari. 2014 alifanya maonyesho London, kwenye jumba la Victoria Miro, akayaita Nguva na Nyoka, jina la Kiswahili kabisa katikati ya Uingereza. Kulikuwa na video inaitwa Nguva, kiumbe wa kike anatoka majini na kuzurura ufukweni. 2017 akatengeneza sanamu ya shaba, mwanamke mwenye mkia wa samaki amekaa pembeni ya maji, wakaiweka Austin, Texas.

Sisi huku tumelelewa na habari za nguva. Wazee wanasema anakuita kwa sauti ya mtu unayemjua. Na nguva mnyama yupo kweli, ananyonyesha kama ng'ombe, anakula nyasi za baharini. Kwetu upande wa Lamu na kule Rufiji na Mafia kwa Watanzania wamebaki wachache mno, wengi wanafia kwenye nyavu.

Kwa hiyo mimi lile donge la mwisho silioni kama kifo. Dada kawa kiumbe kingine, kama nguva. Anaacha kuwa mtu wa kutumwa.

#23 Bob Kariakoo
Mtoto wa Kiunga, kuna hadithi ya wavuvi kula kiapo kuhusu nguva wakirudi pwani. Uieleze au niieleze?

#24 Mtoto wa Kiunga
Usiieleze. Mama zetu wanasoma humu.

#25 Nyar Ahero
Sasa mnatuacha hewani 😂 Njoo faragha.

#26 Kalamu Nyeusi
Hoja ya #22 ni nzuri ila inagongana na macho yangu. Ninavyoona mimi, anaanguka. Amefika ukingoni, mzigo umezidi, anakwenda chini. Hakuna kugeuka.

#27 Shungwaya
Haanguki, anamezwa. Ardhi inamchukua.

#28 Nyokabi wa Juja
Hebu mwangalieni kabla ya ukingo. Umbo linaanza kuyeyuka wakati bado anatembea. Anakuwa kama konokono mkubwa mweusi. Miguu haionekani tena lakini mwendo uko palepale. Kugeuka kunakuja kwanza, kuanguka baadaye. Kwa hiyo wote watatu mnaweza kuwa mnaona vipande.

#29 Rangi na Udongo
Na kuhusu moto: Bonde la Ufa si hadithi. Mtu wa Nairobi akitazama magharibi ana volkano karibu, Longonot, Suswa. 2021 alitoa filamu nyingine, My Cave Call, akaipiga Suswa kwenye mapango. Ule mlipuko ni kitu cha jirani, si lazima uwe hasira ya ardhi.

#30 Jembe la Mpini
Msanii wenu huyu si ndiye aliyewakilisha Kenya kwenye maonyesho ya sanaa ya Venice, Italia, kwenye lile banda lililojaa Wachina? Nakumbuka kelele.

#31 Mwalimu Sefu
Hapana, na hili lisipite hivihivi. Ni vitu viwili vilivyotokea mwaka mmoja.

Banda la Kenya lilianza 2013, na wengi wa waliopewa nafasi walikuwa wasanii wa China, pamoja na Mwitaliano aliyekuwa anaishi Malindi. 2015 ikatangazwa tena karibu vilevile. Wasanii wa Kenya wakapiga kelele, serikali ikajitenga na lile banda. Wangechi hakuwa humo. Yeye aliitwa kwenye maonyesho makuu ya mwaka huohuo, yale yaliyoongozwa na Okwui Enwezor, Mnaijeria, Mwafrika wa kwanza kuongoza Biennale ya Venice. Na kati ya kazi alizopeleka ilikuwemo hii tunayogombania.

Kenya ikapata banda lenye wasanii wake wenyewe 2017.

#32 Otieno Hesabu
Ngoja. Kwa hiyo mwaka ambao jina la Kenya limebebwa na wageni, yeye anaonyesha mwanamke Mkenya aliyebebeshwa vitu visivyo vyake? Na mnaniambia siyo deni?

#33 Mwalimu Sefu
Banda lilifutwa wakati kazi za maonyesho makuu zilishakuwa njiani. Usiunganishe kila nyuzi unayoiona.

#34 Otieno Hesabu
La 2013 lilikuwepo kabla.

#35 Kalamu Nyeusi
Otieno hachoki, ana asilimia 20 zake.

#36 Dada wa Mbali
Mimi niko nje, napita kimyakimya siku zote, leo nimeshindwa.

Nyie mlioko nyumbani hamlioni hili. Huyu dada aliondoka Kenya akiwa kijana mdogo, kwanza Wales kwenye shule ya kimataifa, kisha New York, chuo cha Cooper Union mpaka 1996, halafu Chuo Kikuu cha Yale mpaka 2000. Akakaa miaka mingi asiweze kutoka Marekani kwa sababu ya karatasi za uhamiaji. Mtu wa namna hiyo anabeba nyumbani kichwani. Kila mwaka unaongeza kitu: harusi ulizokosa, misiba uliyoiona kwa simu, pesa za kutuma. Hakuna anayekushikia.

Mimi nilipomuona ameinama vile nililia, na sikuwaza mafuta wala reli. Niliwaza foleni ya uhamiaji.

#37 Bob Kariakoo
Pole dada. Na hizo za kutuma usisahau mwezi huu.

#38 Dada wa Mbali
Mnaona? 😂

#39 Nyokabi wa Juja
Nimerudi na swali langu la #3 kwa sababu hakuna aliyelijibu, Bob alinipa jiografia tu.

Tofauti ya ukanda na kichwani siyo nguvu pekee. Kwa ukanda, unakaa kwenye tuta au jiwe, unajiegemeza, unautoa kichwani, mzigo umetua. Wewe mwenyewe. Cucu alikuwa anapumzika popote. Lakini ukibeba kichwani mzigo mkubwa, unahitaji mtu wa kukutwika na mtu wa kukutua. Nyar Ahero nisahihishe.

#40 Nyar Ahero
Ni kweli. Ukitoka mtoni na ndoo iliyojaa, lazima uite mtu. Tukiwa watoto ilikuwa adhabu: ukigombana na wenzako hukosi wa kuchota naye, unakosa wa kukutwika. Na ukifika nyumbani hakuna mtu unasimama uani unaita na shingo imekaza.

#41 Nyokabi wa Juja
Basi hapo ndipo nilipofika. Nadhani aliuacha ukanda makusudi. Angebeba kwa ukanda angeweza kuutoa wakati wowote na video ingeisha dakika ya pili. Kichwani, kwenye tambarare, peke yake, hana wa kumtua. Vitu vyenyewe viwe maendeleo au deni, sijali sana. Kinachomuua ni kwamba hakuna mtu wa pili.

#42 Bob Kariakoo
Pingamizi kutoka sokoni. Mpagazi hasubiri mtu. Ukizidiwa unautupa. Gunia la viazi likipasuka utalipa, lakini shingo ni yako. Huyu dada kapu lilipoanza kujaa alikuwa na uwezo wa kulimwaga. Hakulimwaga. Nyokabi hilo nalo linataka jibu.

#43 Rangi na Udongo
Bob, hilo ni swali zuri kuliko yote humu na limetoka kwa mtu aliyekuja kuchekesha.

#44 Bob Kariakoo
Ushuru wangu mtatuma kwa simu.

#45 Kalamu Nyeusi
Hakulimwaga kwa sababu ni vitu vizuri! Ndiyo niliyosema #1. Nani anamwaga dishi na jengo?

#46 Shungwaya
Mtambo wa mafuta ni kitu kizuri kwa nani? Watu wa Turkana, kule kaskazini mwa Kenya kulikopatikana mafuta, waulizwe.

#47 Fizio Mwanza
Kitaalamu pia haiwezekani kuutupa ukishainama kiasi kile. Shingo ikishapinda mbele na mzigo ukapita mbele ya mabega, ukiutupa unakwenda nao. Dirisha la kutupa linakuwa mapema, wakati bado hujisikii kuchoka.

#48 Nyar Ahero
Fizio hebu niambie, mama yangu kabeba samaki kichwani tangu ujana, sasa mkono wa kushoto unakufa ganzi usiku. Ni hiyo shingo?

#49 Fizio Mwanza
Inaweza kuwa shingo, inaweza kuwa mkono wenyewe. Siwezi kusema bila kumwona. Ganzi inashika vidole vipi, vya upande wa dole gumba au vya kidole kidogo? Mwulize hilo kwanza, halafu mpeleke akapimwe.

#50 Jembe la Mpini
Uzi wa sanaa umefika hospitali. Kalamu, badilisha kichwa cha habari.

#51 Nyar Ahero
Anasema kidole kidogo na cha pembeni yake. Na anauliza huyo Wangechi ni mtoto wa nani.